Rangi za Wanyama wa Unguja na Maana Yake

Lugha yetu ina vivumishi vitatu tu vya rangi vilivyo vya asili, navyo ni -eupe, -eusi na -ekundu. Rangi nyingine twazitaja kwa kuzifananisha na vitu: manjano ni kile kiungo cha jikoni, kijani ni jani, kijivu ni jivu, na hata neno "rangi" lenyewe tumelipokea kutoka kwa Waajemi. Wazee wetu, basi, walipotaka kutaja rangi waliuliza, Yafanana na nini? Ama mtu atakaye kujua sababu ya rangi za wanyama hana budi kuongeza swali la pili: Yaonwa na nani?

Wako kwanza wasiotaka kuonwa kabisa. Vunjajungu akitulia mtini huwezi kumpambanua na majani. Lakini fundi mkuu wa kazi hii ni pweza. Ngozi yake imejaa vifuko vidogo sana vya rangi, na kila kimoja kimezungukwa na misuli. Misuli ikivuta, kifuko hutanuka na rangi huonekana. Ikilegea, rangi hufifia. Kufumba na kufumbua, pweza amekuwa jiwe au mwani. Na la ajabu zaidi ni kwamba macho yake hayabagui rangi kama yetu. Vazi hilo amelivaa kwa ajili ya macho ya wengine wamwindao. Wanawake wa Paje na Jambiani, waendao kuchokoa pweza maji yakipwa, hawajisumbui na rangi yake. Hutafuta tundu, na vipande vya makombe alivyovitupa mlangoni.

Wengine hufanya kinyume: hutaka waonwe, na mapema. Taa mwenye madoa ya samawati, akaaye kwenye miamba yetu, hana haja ya kujificha sana, kwa kuwa mkia wake una mwiba wenye sumu. Mwaka 1867 Mwingereza Alfred Russel Wallace alimweleza Charles Darwin kwamba kiwavi mwenye rangi kali huenda anawatangazia ndege kuwa haliki, kwa maana kiwavi aliyekwisha kudonolewa, hata akitemwa, hupona kwa shida. Yafaa aogopwe kabla ya kuguswa.

Mfano wa jambo hili tunao mashambani mwetu kila siku. Yuko kipepeo wa rangi ya chungwa bivu, ncha za mbawa zake nyeusi zenye mabaka meupe, arukaye polepole kana kwamba hana adui. Wataalamu humwita kwa Kilatini Danaus chrysippus. Kiwavi wake, mwenye pete nyeusi, nyeupe na za manjano, hula mimea yenye utomvu mweupe, na aghalabu sumu ya utomvu huo, ambayo hudhuru moyo, hubaki mwilini hata awapo kipepeo. Ndege mchanga akimla hutapika, na tangu siku hiyo humwacha.

Basi hapo ndipo ulaghai unapoingia. Yuko kipepeo mwingine, Hypolimnas misippus, asiye wa ukoo huo wala hana sumu hiyo. Dume lake ni jeusi, lenye doa kubwa jeupe katika kila ubawa; lakini jike limevaa vazi la yule mwenye sumu, chungwa na ncha nyeusi, hata mtu mzoefu hudanganyika. Tena katika nchi zetu za Afrika Mashariki yule mwenye sumu ana namna nyingine isiyo na ncha nyeusi, na miongoni mwa majike wadanganyifu wako pia wasio na ncha nyeusi! Henry Walter Bates ndiye aliyeeleza siri ya namna hii mwaka 1862, baada ya kukaa miaka mingi katika misitu ya Amazon. Uongo huo una mpaka wake: wadanganyifu wakizidi kuwa wengi kuliko wenye sumu, ndege hujifunza kuwa vazi lile ni chakula kizuri.

Mbona dume halikuvaa vazi hilo la salama? Wengi hudhani ni kwa sababu lina mwingine wa kumpendeza, naye ni jike. Jambo la kupendeza wenzi twaliona wazi zaidi kwa kweche, yule ndege mdogo wa mashamba ya mpunga. Majira ya kuzaliana dume hung'aa kwa wekundu na weusi, akajitutumua juu ya mabua. Majira yakipita huwa wa kahawia mwenye michirizi kama jike lake, na mtu asiyejua angedhani wale wekundu wamehama. Ni vazi la arusi, nalo lina hatari, kwa kuwa kipanga naye ana macho.

Kinyonga tumemsingizia mengi. Husemwa kwamba hugeuka kuwa rangi ya kila kitu anachowekwa juu yake, na mtu asiye na msimamo huitwa kwa jina lake. Sivyo. Ni kweli kwamba kijani na kahawia yake humficha mtini. Lakini akikasirika huwa mweusi, hujivimbisha na kufunua kinywa chake chenye rangi ya chungwa, hata akiwa juu ya jani bichi. Wataalamu waliopima vinyonga wadogo wa Afrika Kusini, wakatoa habari zao mwaka 2008, walionyesha kwamba aina zinazogeuka rangi sana ndizo zinazoonyeshana ishara zilizo wazi, si zile zinazokaa penye mandhari ya rangi nyingi. Kinyonga husema na kinyonga mwenzake. Nasi twamponda kwa mawe kwa kudhani ana sumu, naye hana hata chembe.

Msiba kama huo umempata kima punju, ambaye asili yake ni Unguja peke yake. Mgongo wake mwekundu, mabega meusi na nywele nyeupe za kichwani ziliwatisha watu. Na "punju" maana yake ni sumu. Wakulima walisema kwamba mti aliolia hufa, wakamfukuza na kumwua. Lakini wekundu wake si onyo. Chui, aliyekuwa akiwinda katika misitu hii zamani, ni wa jamii ya paka, ambao hawapambanui vema nyekundu na kijani. Kima wenyewe hupambanua. Hesabu iliyotolewa mwaka 2017 ilionyesha kwamba wamesalia wapatao 5,800, wengine katika hifadhi ya Jozani. Wale wakaao karibu na mashamba hula majani ya miembe na mikungu, yenye vitu vizitoavyo tumbo katika hali yake, kisha huenda kwenye matanuri ya makaa na visiki vilivyoungua, wakatafuna mkaa, ambao hunyonya vitu hivyo tumboni; na watoto hujifunza dawa hiyo kwa mama zao.