Je, Dawa za Sonona Zinakula Akili?



Yako maneno yaliyozagaa mitaani, nami nimeyasikia kwenye vituo vya mabasi, kwenye foleni ya dirisha la dawa na hata misibani. Maneno hayo ni kwamba dawa za kutibu sonona zinakula akili. Inasemekana kuwa mtu akianza kumeza vidonge hivyo hupumbaa, husahau hata majina ya wanawe, na mwishowe akili haimrudii tena. Kwa ajili ya maneno hayo wapo wagonjwa wanaotupa vidonge vyao siku ya tatu, na wapo ndugu wanaovificha kwa nia njema kabisa. Sonona ni maradhi yanayoweza kumfikisha mtu mahali pa kutaka kujiondolea uhai, kwa hiyo jambo hili haliwezi kuachiwa porojo za barazani. Papo hapo, wapo wazee wanaosahau kweli kwa sababu ya kidonge, na hakuna nyumbani anayetambua. Ukweli basi uko wapi?

Mimi naona swali lenyewe limefungwa katika fungu moja lisilofaa. Hakuna kitu kimoja kiitwacho "dawa za sonona". Anayetaka jibu la maana hana budi kuuliza: ni dawa ipi, anaimeza nani, ana umri gani, na anaimeza pamoja na nini?

Tuanze na ugonjwa wenyewe. Sonona si ile huzuni ya siku mbili tatu ya mtu aliyepata hasara. Ni hali inayodumu wiki mbili au zaidi, karibu kila siku, ambapo mtu hukosa raha hata kwa mambo aliyoyapenda, usingizi hukatika au humzidi, hamu ya chakula hupotea na mwili huchoka bila kazi. Miongoni mwa dalili wanazozihesabu madaktari, mojawapo ni kushindwa kufikiri, kutuliza mawazo au kukata shauri. Yaani maradhi haya huigusa akili kabla mgonjwa hajameza kidonge hata kimoja.

Mfikirie muuza duka mwenye sonona. Mteja anamwambia anataka sukari kilo mbili na sabuni mche mmoja. Sauti anaisikia, lakini mawazo yake yanazunguka kwenye jambo lile lile tangu alfajiri. Baada ya dakika moja anauliza tena, "Ulisema unataka nini?" Watu husema amesahau. Kwa hakika hakusahau, bali jambo halikuingia. Kumbukumbu ni kama ghala, na kisichoingizwa ghalani hakiwezi kutolewa. Ukiongeza na usiku wa kukesha, hali huzidi, kwani ubongo huutumia usingizi kuyaimarisha yale uliyojifunza mchana. Ndiyo maana wagonjwa wengi, dawa ikishawakubali baada ya wiki kadhaa, hujikuta wanaweza tena kusoma gazeti wakalielewa. Kwa baadhi yao huzuni hutangulia kuondoka na uzito wa kufikiri ukabaki nyuma kwa muda. Hapo dawa hulaumiwa kwa mzigo ulioachwa na ugonjwa.

Sasa tuje kwenye dawa zenyewe. Mwaka 1952 huko New York, wagonjwa wa kifua kikuu waliopewa dawa iitwayo iproniazidi walionekana kuchangamka kuliko ilivyotarajiwa. Mwaka 1957 daktari wa Uswisi, Roland Kuhn, alitangaza kwamba imipramini ilikuwa imewasaidia wagonjwa wake wa sonona. Jamaa yake imipramini, yaani amitriptilini, iliidhinishwa Marekani mwaka 1961. Mwishoni mwa mwaka 1987 ikaidhinishwa huko huko fluoksetini, ambayo ulimwengu uliizoea kwa jina la biashara la Prozac. Shirika la Afya Duniani liliiweka amitriptilini katika orodha yake ya kwanza ya dawa muhimu mwaka 1977, na fluoksetini ikaongezwa mwaka 2007. Hivyo tunavyo vizazi viwili, cha zamani na kipya, na kila kimoja kina tabia yake.

Ili tuielewe tabia ya amitriptilini, yatubidi tuijue kemikali moja ya mwilini iitwayo asetilikolini. Mwaka 1921 Otto Loewi alionyesha, kwa kutumia mioyo ya vyura, kuwa neva huutuliza moyo kwa kumwaga kemikali, na kemikali hiyo ikaja kutambuliwa kuwa ndiyo hii. Yeye na Henry Dale walipewa Tuzo ya Nobel mwaka 1936. Asetilikolini hutoa mate kinywani, husukuma matumbo, hukaza kibofu, na ndani ya ubongo husaidia kutuliza mawazo na kuhifadhi kumbukumbu mpya.

Amitriptilini, pamoja na kazi yake njema ya kuinua moyo, huiziba milango inayopokea asetilikolini. Ndiyo sababu anayeimeza hukaukwa kinywa, hufunga choo, na macho huona ukungu. Milango ya ubongoni nayo ikizibwa, fikra huwa nzito. Kijana wa miaka 25 huwa na akiba ya kutosha, na pengine asione zaidi ya usingizi. Mzee wa miaka 70 akiba yake imepungua, na mwili wake huchelewa kuitoa dawa. Tukumbuke kwamba donepezili, dawa wanayopewa wagonjwa wa Alzheimer, kazi yake ni kuizuia asetilikolini isivunjwe upesi. Kumpa mzee mmoja dawa zote mbili ni sawa na kujaza mtungi huku umeutoboa.

Nitoe mfano. Bibi wa miaka 72 ana kisukari, na usiku nyayo zinamwaka moto. Daktari anampa amitriptilini kwa kipimo kidogo, kwa kuwa dawa hii hutuliza pia maumivu ya neva. Mwezi wa pili bibi anapata mafua, na mjukuu kwa huruma anamnunulia Piriton dukani. Piriton nayo huiziba milango ile ile. Wiki haijaisha, bibi anatia chumvi kwenye chai, anamwita mjukuu kwa jina la mjomba aliyefariki zamani, na usiku hauoni mlango wa choo. Jirani mmoja anasema ni uzee, mwingine anasema karogwa. Hakuna anayevitazama vile vidonge, maana nyumba nzima inajua kuwa ni vya miguu tu. Daktari akiambiwa yote anayoyameza bibi, anaweza kupunguza au kubadili, na mara nyingi ukungu wa namna hiyo hutoweka.

Je, madhara hayo yaweza kudumu? Mwaka 2015 watafiti wa Seattle, Marekani, walitangaza matokeo ya watu 3,434 wenye miaka 65 na zaidi, waliofuatiliwa kwa wastani wa miaka saba na zaidi kidogo. Waliokuwa wametumia kwa wingi na kwa muda mrefu dawa zinazoziba asetilikolini walipatwa zaidi na demensia, yaani ule ugonjwa wa kupotewa na kumbukumbu na fahamu. Mwaka 2018 utafiti wa Uingereza, uliolinganisha wagonjwa zaidi ya 40,000 wa demensia na watu zaidi ya 280,000 wasio nayo, ulikuta uhusiano kama huo kwa dawa za sonona za aina hiyo. Lakini kuandamana si kusababishana. Sonona yenyewe huweza kuwa dalili ya mapema ya demensia, hivyo dawa huenda ilifuata maradhi yaliyokwisha kuanza. Somo hapa ni tahadhari kwa wazee, wala si hofu kwa kila mtu.

Kizazi kipya, kama fluoksetini, sertralini na sitalopramu, hakiizibi sana milango hiyo, ingawa paroksetini huiziba zaidi ya wenzake. Mwaka 2023 watafiti wa Cambridge na Copenhagen walichapisha utafiti wa watu 66 wenye afya, ambao baadhi yao walipewa esitalopramu na wengine vidonge visivyo na dawa, kwa siku zisizopungua 21. Katika vipimo vya kumbukumbu na umakini hapakuwa na tofauti ya maana. Tofauti ilionekana katika kujifunza kutokana na tuzo: waliomeza dawa hawakusisimkwa sana na kupata au kukosa. Jambo hili huenda likaeleza kwa nini baadhi ya wagonjwa husema, "Silii tena, lakini hata furaha siioni vizuri." Chakula kipo, chumvi imepungua. Mgonjwa wa namna hiyo asinyamaze, kwa sababu kipimo na aina ya dawa hubadilishwa. Kwa wazee, dawa hizi huweza pia kushusha sodiamu katika damu, hasa wakitumia pamoja na dawa za presha zinazokojoza, na mzee akachanganyikiwa ghafla au kuanguka. Kipimo cha damu hulifichua jambo hilo.

Aidha, wengi huchanganya dawa za sonona na Valium, ambayo ni diazepamu. Diazepamu si dawa ya sonona. Hutuliza wasiwasi na kuleta usingizi, na hiyo kweli huzuia kumbukumbu mpya zisishike, tena mwili huizoea. Huenda sehemu ya sifa mbaya ya dawa za sonona ilitoka huko.

Nini basi la kufanya? Kwanza, asiache mtu dawa ghafla. Kuacha ghafla huweza kuleta kizunguzungu, hasira, ndoto mbaya na hisia kama ya kupigwa shoti kichwani, na sonona yenyewe hurudi. Dawa hupunguzwa polepole kwa maelekezo ya daktari. Pili, andika tarehe. Kusahau kulianza lini? Kabla ya dawa, au wiki ya pili baada yake, au kipimo kilipopandishwa? Karatasi moja yenye tarehe tatu humsaidia daktari kuliko maelezo ya nusu saa. Tatu, ukimpeleka mzee kliniki, tia kwenye mfuko kila anachomeza: vya presha, vya mafua, vya miguu, hata vya dukani, kisha uulize kwa adabu, "Daktari, katika hivi, kipo kinachoweza kumsahaulisha?" Nne, tusimsimange mgonjwa kwa kusahau. Sahani iliyosahaulika jikoni ni habari kwa daktari, haifai kuwa fimbo ya kumchapia mgonjwa.

Wahenga walisema mficha uchi hazai. Mgonjwa anayeona haya kusema kuwa anasahau, na anayeona haya kusema kuwa anameza dawa ya sonona, wote wawili wanamfunga daktari mikono. Ukitoka hapa, kama nyumbani kwenu kuna mzee, hebu omba uone vidonge vyake, na usome jina la dawa lililoandikwa kwa herufi ndogo chini ya jina la biashara.

Kwa leo naishia hapo. Tukijaliwa, tukutane wiki ijayo.