Zuio la Mahakama Halifuti Deni la Benki

Nyumba ya Mabawa, Tanga, iliyowekwa rehani, marejesho yakikwama, mara nyingi hufikishwa mahakamani wakati gari la dalali limeshaanza kupita mitaani likitangaza mnada kwa kipaza sauti. Mwenye nyumba hukimbilia kwa wakili, maombi ya zuio la muda huandikwa kwa hati ya dharura, na zuio likitoka familia hupumua. Haki hiyo ya kuipinga benki lazima ibaki. Lakini anayeitumia kuvuta siku tu anajiumiza mwenyewe, kwani kinga zake za kweli sheria imeziweka kabla ya mnada.

Kifungu cha 127 cha Sheria ya Ardhi, Namba 4 ya 1999, kinaitaka benki impe mdaiwa notisi ya maandishi, na haki ya kuuza huja baada ya siku 60. Siku hizo huhesabiwa tangu mdaiwa alipoipokea notisi, si tangu benki ilipoiandika, kwa hiyo barua isiyomfikia inaweza kuivuruga safari nzima ya kuuza. Sheria ya Madalali nayo inadai tangazo la siku zisizopungua 14. Kifungu cha 133 cha Sheria ya Ardhi kinaibana benki itafute bei bora inayowezekana: nyumba ikiuzwa chini ya bei ya soko kwa asilimia 25 au zaidi, benki huhesabiwa kuwa imekiuka wajibu wake mpaka ithibitishe vinginevyo. Na nyumba ya ndoa haiwekwi rehani bila ridhaa ya mwenzi, kinga ambayo wake wengi huijua wakiwa wamechelewa.

Mdaiwa asiye na hoja ya namna hii hukutana na kesi ya Atilio dhidi ya Mbowe ya 1969. Tangu hapo mwombaji wa zuio hutakiwa kuonyesha kwamba ana shauri la msingi, kwamba atapata hasara isiyofidika, na kwamba akinyimwa ataumia kuliko mwenzake. Sharti la pili ni zito kwake: aliyeweka nyumba dhamana alikubali mwenyewe kwamba inaweza kugeuzwa fedha. Hata akishinda, zuio halizidi miezi 6, na likiongezwa halipiti mwaka 1 kwa jumla. Riba hailali. Kwa mfano, deni la shilingi milioni 30 kwa riba ya asilimia 18 huongezeka milioni 5.4 katika mwaka huo.

Wapo watakaosema benki ina mawakili na fedha, na mkopaji alisaini mkataba wa Kiingereza asiouelewa. Ni kweli, na ndiyo maana siungi mkono tuige Uganda, ambako Kanuni za Rehani za 2012 zinamtaka anayetaka kusimamisha mnada aweke asilimia 30. Aliyeuziwa bila notisi halali hapaswi kulipia haki yake. Lakini mahakama ikimwamuru mdaiwa aendelee kulipa kiasi asichokibishia wakati kesi inasikilizwa, hakuna anayeonewa. Fedha zinazokopeshwa ni akiba za watu pia, wakiwemo wachuuzi wa samaki wa soko la Deep Sea.

Kungoja kuna hatari moja zaidi. Kifungu cha 135 cha Sheria ya Ardhi humlinda mnunuzi wa mnadani asiyehusika na udanganyifu, hata kama benki ilikosea utaratibu. Aliyeumizwa hubaki na madai ya fidia dhidi ya benki, nyumba imeshakwenda. Basi ukipokea notisi, andika tarehe uliyoipokea, iombe benki kwa maandishi ipange upya marejesho, na wiki hiyohiyo mpelekee wakili mkataba na risiti zako zote. Mahakama Kuu ipo hapahapa Tanga, na siku 60 zinatosha kwa asiyezipoteza.