Sauti ya kichawi ipo Lushoto, ila haifungui mlango

Filamu za aina hii umeshaziona. Mchawi mzee anasimama mbele ya mlango wa jiwe, anatamka maneno mawili yasiyoeleweka, na mlango unafunguka. Sikiliza vizuri: mara nyingi maneno hayo yana sauti ambazo watazamaji wengi hawanazo katika lugha zao. Watunzi wa lugha za kubuni wanaujua ujanja huu. J.R.R. Tolkien alipotunga Sindarin, lugha ya viumbe wake wa hadithi, aliipa ladha ya lugha ya Wales aliyoipenda sana. Sikio likikutana na sauti ngeni, linahisi kuna nguvu ndani yake.

Je, kuna mahali ambapo sauti ngeni inafanya kazi kweli? Twende Lushoto.

Katika Milima ya Usambara, jirani na Wasambaa, wanaishi Wambugu, watu wenye historia ndefu ya ufugaji wa ng'ombe. Wana namna mbili za kusema. Ya kwanza ni Kimbugu cha kawaida, kinachofanana sana na Kipare. Ya pili ni Kima'a, ambacho wataalamu wengine hukiita Kimbugu cha ndani. Alama iliyo katikati ya jina hilo si pambo: hapo pumzi inakatwa kooni kidogo, kisha inaachiwa.

Sauti maarufu zaidi ya Kima'a huandikwa *hl*. Hebu ijaribu. Anza kusema "lala", lakini simama kwenye *l* ya kwanza, ncha ya ulimi ikiwa bado imegusa ufizi wa juu. Usiutoe ulimi. Sasa zima mtetemo wa kooni, kama mtu anayenong'ona, halafu sukuma pumzi ipite pembeni mwa ulimi. Umesikia ule mvumo? Ndiyo yenyewe. Wanafonetiki wangesema ni kitambaza kilicho pia kikwamizwa sighuna. Wazulu wanayo katika *hlala*, yaani kaa. Wairaqw wa Mbulu wanayo katika neno lao la ng'ombe, *slee*, ila wao huiandika *sl*. Hata Wales ipo.

Sasa tazama jambo la ajabu. Katika Kimbugu cha kawaida sauti hiyo haipo kabisa. Katika Kima'a ipo, na anayesema ni mtu yuleyule, mdomo uleule. Sarufi nayo haibadiliki: ngeli, viambishi na mpangilio wa sentensi ni vilevile. Kinachobadilika ni maneno. Mzee ni *mzima* kwa Kimbugu cha kawaida, *mwagiru* kwa Kima'a. Mfalme ni *mfumwa*, kisha *dilao*. Ni kama umevua shati na kuvaa jingine, mwili ni uleule.

Maneno hayo yametoka wapi? Mengi yana asili ya Kikushi, familia ya Kiiraqw. Mengine ni ya Kimaasai. Mengine ni maneno ya kawaida yaliyopindwa makusudi, kama mlivyokuwa mkisema kinyume shuleni ili mwalimu asielewe.

Wanaisimu wamebishana kweli juu ya lugha hii. Mwaka 1971 Morris Goodman aliiandikia makala akiiita kisa cha ajabu. Mwaka 1988 Sarah Thomason na Terrence Kaufman walisema ni lugha ya Kikushi iliyomezwa sarufi na Kibantu polepole, huku wenyewe wakigoma kuiacha. Maarten Mous, katika kitabu chake cha 2003, anaona kinyume: Wambugu walikuwa wameshahamia lugha ya Kibantu, ndipo wakajijengea msamiati wa pembeni ili wabaki tofauti na majirani.

Angalia vizuri, pande zote mbili zinakutana mahali pamoja: utashi wa watu. Kwa mahitaji ya sokoni, Kima'a hakihitajiki. Mmbugu anaweza kuuza viazi kwa Kisambaa au Kiswahili, na akamgombeza mwanawe kwa Kimbugu cha kawaida. *Hl* haipo ili ujumbe ufike. Ipo ili kusema: sisi ni sisi.

Kwa hiyo uchawi haumo kwenye sauti. Mzulu anaitamka *hl* kila siku akimkaribisha mgeni kiti, na hakuna jiwe linalosogea. Nguvu inatoka kwa watu waliokubaliana kwamba sauti hii ni yao.

Na hapo ndipo penye hatari. Lugha inayotegemewa kwa mawasiliano hulindwa na mahitaji, hata wenyewe wakisahau kuilinda. Kima'a hakina ulinzi huo. Kizazi kimoja kikiacha kukitaka, soko litaendelea, shule zitaendelea, mazungumzo hayatapungua hata sentensi moja. Itakuwa imenyamaza ile pumzi ndogo tu, inayopita pembeni mwa ulimi.