Viti Maalumu ni Ngazi

Ndugu msikilizaji, diwani wa viti maalumu hapigiwi kura na kata. Hupatikana kupitia chama chake. Je, akina mama wa Mlandizi wanaoingia halmashauri kwa mlango huo waishie hapo?

Tutazame kwa jirani zetu. Mwaka 1965 meya wa Kisumu, Kenya, alifariki dunia. Diwani Grace Onyango, aliyekuwa mwalimu, akashika nafasi hiyo, meya wa kwanza mwanamke Mwafrika nchini humo. Hakubweteka. Mwaka 1969 aliomba kura za ubunge, akawa mwanamke wa kwanza kuchaguliwa na wananchi bungeni, akadumu humo hadi 1983.

Ngazi hupandwa, haikaliwi. Mama diwani, uchaguzi ujao chukua fomu ya kata. Hadi juma lijalo, kwaheri.