Thumuni: Sehemu ya Nane Iliyogeuka Nusu

Wazee wa Meru na Embu huikumbuka sarafu ya senti 50 kwa jina la thumuni, yaani nusu ya shilingi. Hata hivyo, neno hili lina asili ya Kiarabu, na maana yake ni sehemu moja ya nane. Nane ya nini? Makala haya yanakusudia kulijibu swali hilo.

Kabla ya ukoloni, wafanyabiashara wa pwani walihesabu kwa riyali ya Maria Theresa, sarafu ya fedha yenye asili ya Austria. Thumuni ilikuwa sehemu ya nane ya riyali hiyo. Rupia ya Kihindi ilipoenea, riyali moja ilihesabiwa kuwa rupia mbili na ziada kidogo. Mwaka 1920 rupia ya Kenya ililinganishwa na shilingi mbili za Kiingereza, na kufikia 1922 shilingi ya Afrika Mashariki ilikuwa imeshika nafasi yake. Kwa hesabu hiyo, riyali ni kama shilingi nne, na sehemu yake ya nane ni senti 50. Kizima kilitoweka, kipande kikabaki na jina lake.

Waingereza nao walikuwa na farthing, jina litokanalo na nne kwa kuwa ilikuwa robo ya peni. Hiyo ilibaki robo hadi ilipoondolewa mwishoni mwa 1960.

Utawala wa kikoloni uliingia Embu mwaka 1906 na Meru mwaka 1908, ukidai kodi kwa fedha taslimu. Yamkini wenyeji wengi waliipokea thumuni ikiwa tayari ni nusu ya shilingi. Aidha, katika Kimeru na Kiembu herufi th hutamkwa kama dh ya Kiswahili. Hivyo thumuni ya mzee husikika kama dhumuni, yaani nia, naye mwanafunzi hudhani mzee amekosea. Hakukosea, amelipokea neno kwa sauti za lugha yake.

Sarafu mpya za Kenya zilizozinduliwa Desemba 2018 zilianzia shilingi moja. Kwa hiyo, kamusi ikisema tu kwamba thumuni ni senti 50, msomaji wa maandishi ya kale ya Unguja au Mombasa atapotoka. Inafaa kamusi zetu zitaje maana zote mbili, nasi tuyanakili matamshi ya wazee wangali hai.