Ramani ya Saratani na Siri Tunazozizika

Wazee wetu husema mficha maradhi kilio humuumbua. Mimi, ndugu msomaji, nimeyaona maradhi yaliyofichwa hata baada ya kilio, na mmoja wa walioyaficha nilikuwa mimi mwenyewe.

Mama yangu mkubwa, Mwenyezi Mungu amrehemu, alifariki nyumbani kwake hapa Mombasa baada ya kuugua kwa zaidi ya mwaka. Kidonda kilimtoka ndani ya shavu, kikakataa kupona, kikamla taratibu hata ikawa hawezi kumeza ila uji mwepesi. Hospitalini tuliambiwa waziwazi, ami yangu na mimi, kwamba ni saratani ya mdomo. Asubuhi aliyofariki tulikwenda sote wawili kutafuta kibali cha kuzika, kwani tulitaka kumsitiri kabla ya alasiri. Karani akashika kalamu akauliza, "Mzee, marehemu alikuwa na maradhi gani?"

"Homa, mwanangu," ami akajibu. "Homa ya siku nyingi."

Karani akaandika. Mimi nilisimama nyuma ya ami, karatasi ya hospitali i mfukoni mwangu, wala sikufungua kinywa. Tulipokuwa njiani nikamwuliza kwa nini, naye akanijibu kwa upole: "Ameacha mabinti wawili hawajaolewa. Wataka watu waseme nyumba ile ina maradhi mabaya?" Sikuwa na la kumjibu. Tukazika, tukasoma hitima, na karatasi ile ikaenda zake serikalini ikiwa na neno homa.

Nilidhani neno moja halina uzito. Nilipokuja kusoma habari za ramani za saratani ndipo nilipotambua tulilolifanya.

Sisi watu wa pwani twajua faida ya ramani. Nahodha akionyeshwa penye mwamba haanzi kuuliza mwamba ule uliumbwa lini. Hugeuza usukani kwanza, maswali yafuate. Ramani ya maradhi ni jamaa ya ramani hiyo. Wataalamu huwahesabu waliougua na waliokufa, mji kwa mji na wilaya kwa wilaya, kisha wakatia alama. Alama zikisongamana mahali pamoja, na pengine pakawa peupe, hapana budi mtu ajiulize: huku kuna nini ambacho kule hakipo? Ni maji? Ni chakula? Ni kazi wanayofanya watu, au ni uraibu wao? Ramani yenyewe haitoi hukumu. Kazi yake ni kuonyesha mahali pa kuuliza.

Mfano mkubwa wa jambo hili ulitoka kwa jirani zetu wa Uganda. Mwaka 1957, katika hospitali ya Mulago mjini Kampala, daktari mpasuaji aliyeitwa Denis Burkitt, mzaliwa wa Ireland aliyepoteza jicho moja utotoni, alionyeshwa mtoto wa miaka mitano aliyevimba taya zote, juu na chini, kulia na kushoto. Hakujua la kufanya. Wiki chache baadaye, akiwa Jinja, akamwona msichana mdogo mwenye uvimbe namna ile ile, naye alikuwa amevimba tumboni pia. Burkitt akaanza kutafuta habari za watoto wengine, na mwaka 1958 akaandika habari za uvimbe huo ambao leo waitwa kwa jina lake.

Hakuishia hapo. Kwa pauni 25 alizopewa na serikali alichapisha karatasi zenye picha za uvimbe huo, akazipeleka katika hospitali nyingi za Afrika kuuliza: je, kwenu mmewahi kuuona? Kila jibu lilipokuja alichoma pini katika ramani iliyotundikwa ukutani. Pini zikajipanga kama mshipi uliofungwa kiunoni mwa Afrika, ukiwa na mkia unaoteremka upande wa mashariki mpaka Msumbiji.

Lakini penye weupe katika ramani pana maana mbili: huenda maradhi hayapo, na huenda hapana mtu aliyeyaandika. Ili kuzipambanua maana hizo, mwezi wa Oktoba 1961 Burkitt na madaktari wawili wa misheni, Ted Williams na Cliff Nelson, walipanda gari kuukuu la Ford lililonunuliwa kwa pauni 250, wakasafiri kwa wiki 10 na maili 10,000, kutoka Kampala hadi Afrika Kusini na kurudi, wakiingia hospitali baada ya hospitali na kuuliza swali lile lile.

Walichokipata ni hiki. Uvimbe ule hukaa katika nchi za chini, zenye joto na mvua. Karibu na ikweta, mahali palipoinuka zaidi ya futi 5,000 hauonekani ila kwa nadra. Na kadiri msafiri anavyokwenda kusini kwenye baridi, ndivyo mpaka huo unavyoshuka. Alexander Haddow, mtaalamu wa mbu aliyekuwa Entebbe, akatambua kwamba mpaka wenyewe haukuwa wa milima bali wa joto na mvua, mambo ambayo mbu huyategemea. Na hapa Waswahili tutege masikio: Unguja na Pemba, visiwa vyenye joto na mvua kama kwetu, uvimbe huo ulikuwa nadra. Kulikoni? Huko malaria ilikuwa imepigwa vita vikali. Basi wataalamu wakaanza kuitazama malaria kwa jicho jingine.

Wakati huo huo, huko London, Anthony Epstein alikuwa amemsikiliza Burkitt akihutubia mwezi wa Machi 1961. Akaagiza vipande vya uvimbe kwa ndege kutoka Kampala, na mwaka 1964 yeye na wenzake, Achong na Barr, wakatangaza kuwa wameona virusi ndani yake. Baadaye ilidhihirika kwamba virusi hivyo karibu kila mtu duniani anavyo, na wengi haviwaletei madhara makubwa. Lakini pale mtoto anapopigwa na malaria mara kwa mara, kinga ya mwili wake hulegea, na uvimbe ukapata njia. Hapa Kenya pia, maradhi haya yameonekana zaidi Nyanza, Magharibi na Pwani, kwenye malaria, kuliko nyanda za juu. Na la kushukuriwa ni kwamba uvimbe huu husikia dawa: watoto wengi waliowahishwa hospitali wamepona.

Ramani ya pili iliyonigusa ni ya Marekani. Mwaka 1975 taasisi ya taifa ya saratani ya nchi hiyo ilitoa kitabu cha ramani za vifo vya saratani vya tangu 1950 hadi 1969, wilaya zaidi ya 3,000, moja moja. Hii haikupatikana kwa safari ya gari. Ilipatikana kwa vyeti vya vifo. Karatasi zile zile ambazo karani wa huko huuliza kama alivyotuuliza wa kwetu, ndizo zilizokusanywa zikahesabiwa, na umri wa watu ukatiwa hesabuni ili penye wazee wengi pasidhaniwe kuwa na balaa zaidi.

Ramani hizo zilionyesha mambo mawili ya ajabu. Wanaume wa baadhi ya miji ya pwani walikuwa wakifa sana kwa saratani ya mapafu. Ilipochunguzwa, ikaonekana kwamba hatari ilikuwa zaidi kwa waliofanya kazi katika viwanda vya kuunda meli wakati wa Vita vya Pili, mahali palipokuwa na vumbi la asbesto. Na wanawake wa mashamba ya kusini-mashariki walikuwa wakifa kwa saratani ya mdomo kuliko wenzao. Mwaka 1981 utafiti uliofanywa North Carolina ukatoa jibu: wanawake wale walikuwa na ada ya kutia tumbaku ya unga baina ya ufizi na shavu, wakaiacha humo kwa saa nyingi, tangu usichana mpaka uzee.

Niliposoma hayo nilimkumbuka mama mkubwa na kijaluba chake. Ni nani kwetu asiyekijua kijaluba? Tambuu, popoo, katu, chokaa na tumbaku. Mgeni hakirimiwi bila hivyo, wala harusi haikamiliki. Mwaka 1985 shirika la kimataifa la utafiti wa saratani, lililo chini ya Shirika la Afya Duniani, lilisema kuwa tambuu inayotafunwa pamoja na tumbaku yaleta saratani. Mwaka 2004 likaongeza kuwa hata popoo peke yake, bila tumbaku, yaileta.

Sisemi kwamba najua kidonda cha mama mkubwa kilitokana na nini. Wako waliotafuna tambuu miaka 60 wakafa kwa uzee wao. Ramani huzungumza juu ya watu wengi, haimzungumzii mmoja. Lakini hao wengi hupatikana kwa kuwahesabu mmoja mmoja, na sisi wa kwetu tulimwondoa hesabuni. Kama nyumba kumi zilisema homa kama tulivyosema sisi, basi mtaa mzima u mweupe katika ramani, na mtaalamu ataupita akidhani una salama.

Na kwetu maswali hayakosi. Iko kichocho cha mkojo Kwale, Kilifi na Tana River, na yajulikana kwamba kichocho hicho kikikaa mwilini miaka mingi chaweza kuleta saratani ya kibofu. Iko bandari, viko viwanda, uko uraibu. Kenya ina sheria ya kuzuia na kudhibiti saratani tangu 2012, lakini sheria haiwezi kuandika jina ambalo wenye maiti wamelimeza.

Wako watakaoniambia ajali haina kinga. Ni kweli, nasi ni watu wa imani. Lakini dini yetu haikutukataza kutafuta dawa, wala haikutuhalalishia uongo mbele ya kalamu. Kumsitiri maiti ni wajibu. Lakini kinachositiriwa ni aibu, na maradhi si aibu wala si dhambi. Neno lenyewe saratani, tulilolipata kwa Waarabu, maana yake ni kaa. Kaa mwenyewe hujificha shimoni. Itakuwaje tukimfukia na mchanga juu yake?

Mwaka jana binti mkubwa wa marehemu alinijia. Ameolewa, alhamdulillahi, na ana watoto watatu. Akafungua kinywa kunionyesha doa jeupe ndani ya shavu, lisilofutika. "Kaka, hiki ni nini?" akaniuliza. Yeye aliyemwuguza mamake usiku na mchana alikuwa ameambiwa kwamba ni jino lililooza. La hospitali tulilijua wanaume wawili tu. Na kijaluba alikirithi yeye.

Nikamweleza yote. Akanyamaza kitambo, kisha akasema: "Mbona hamkunambia?"

Nilimpeleka hospitali siku ya pili yake. Walimkata kipande kidogo wakakipima, wakasema bado haijawa saratani, lakini aache tambuu kabisa na awe akirudi kutazamwa. Ameacha, na hurudi kila anapoitwa. Ami yangu naye nilimweleza. Hakusema neno, ila aliinamisha kichwa, na tangu siku ile ndiye anayemkumbusha siku za kwenda kwa daktari.

Basi ndugu yangu, siku utakapofikwa na msiba, nao hutufika sote, na karani akakuuliza marehemu alikuwa na maradhi gani, mjibu. Usimjibu kwa ajili ya serikali peke yake. Mjibu kwa ajili ya mabinti waliobaki nyumbani.