Zuri, Malaika na Tabu: Kupima Asili na Maana za Majina ya Watoto

Vitabu vya majina ya watoto vinavyochapishwa Marekani huorodhesha Zuri na Malaika kuwa majina ya Kiswahili. Dai hilo huchanganya masuala matatu yanayopaswa kutenganishwa: asili, umbo na matumizi. Kwa asili, malaika ni neno la Kiarabu lililo katika wingi. Kiswahili kimelipokea na kulitumia kwa umoja pia, yaani malaika mmoja. Ni neno la mkopo, lakini sasa ni la Kiswahili. Kwa umbo, -zuri ni shina la kivumishi linalofuata ngeli ya nomino: mtoto mzuri, nyumba nzuri. Umbo zuri hupatana na nomino kama jina au gari, si mtu. Maana iliyotolewa, basi, ni ya shina tu. Kwa matumizi, kamusi pekee haitoshi. Mtoto aitwaye Tabu hakutabiriwa dhiki; jina hilo kwa kawaida huhifadhi kumbukumbu ya mazingira magumu ya kuzaliwa kwake. Anayelifasiri kwa kamusi peke yake humgeuzia mtoto kumbukumbu ya wazazi kuwa sifa yake.